Sekunde Kumi na Moja

Niliajiriwa kufungua mlango
na siku ya kwanza nikakatazwa kuugusa.
"Nyale," alisema Bi Thureya, "wewe shika trei.
Mlango una mwenyewe."

Basi miaka ishirini na saba, pale Kizingo,
nilisimama nyuma yake na sharubati ya ukwaju
kila Jumamosi, saa mbili kasorobo,
hata nikaujua mgongo wake kuliko uso:
kikuba kisogoni, vifungo tisa vya hariri,
na bega la kushoto lililotangulia kabla ya mguu
kama mtu apitaye penye mwanga mwembamba.
"Karibuni," huwaambia. "Mwenye nyumba yuwaja."
Wageni hucheka. Mwenye nyumba si yeye?

Walikuja makapteni wa meli za mafuta, mameneja wa benki,
madaktari wa Tudor na wake zao wasiosemezana nao,
hakimu mmoja aliyelia kwa halua,
mabibi wa Kibokoni waliokuja kusengenya
wakarudi wamesahau walilojia.
Adui alimketisha na adui, sinia moja la biriani kati yao,
na kabla ya kahawa wakawa waazimana kiberiti.
Mikataba mingapi ya bandarini
ilitiwa sahihi juu ya kitambaa changu cha meza!
Jumapili nilifua wino.

"Nalicheza sinema," angesema, mara moja tu kwa usiku,
watu wakishashiba.
"Wazungu walipiga kambi Nyali miezi miwili."
Jina la sinema hakulitaja, wala hapana aliyeuliza;
mgeni mwenye adabu hafunui kawa asiloandaliwa.

Nikaiona mimi.
Mpwa wake wa Maskati aliisahau kanda chini ya televisheni.
Adhuhuri ya Ramadhani, bibi amelala, nikaitia mashineni.
Saa nzima na robo: risasi, ndovu,
mzungu mwenye kofia akimbusu mzungu mwenye homa.
Kisha mlango.
Mlango huu huu! Misumari ile ile ya shaba,
ufa ule mdogo kando ya mfaa ninaoutia nta kila mwezi.
Msichana wa miaka kumi na tisa, mjakazi, kanga kiunoni,
ameipa kamera mgongo,
afungua, bega la kushoto mbele, ainama.
Shavu lasogea, asema kitu.
Sauti hakuna, wameifunika kwa zumari.
Nilipima kwa saa yangu ya mkono: sekunde kumi na moja.
Mwisho yakapanda majina, hadi la mlisha farasi.
Lake halimo.

Nikairudisha kanda mwanzo, nikaipangusa vumbi.
Sikumwambia mtu.
Lakini Jumamosi ile, trei mkononi,
bega lilipotangulia
nililisikia zumari, na chini ya zumari, wazi kama kengele,
"Karibuni. Mwenye nyumba yuwaja."
Kumbe si mzaha.

Wageni wakapungua. Wengine Dubai, wengine Nairobi,
wengi zaidi makaburini Kikowani.
Viti nilipanga vile vile.
Jioni moja alibisha msoma mita wa stima;
bibi akajitia udi, akafungua mwenyewe,
akamwambia maneno yale.
Kijana akangoja kweli, daftari mkononi,
akatazama ngazi.

Alifariki Jumatatu, alfajiri.
Jeneza halipiti bawa moja,
na la pili lilishika kutu tangu ulipoletwa mlango.
Wakaniambia: Nyale, fungua.
Nikainama kuiweka trei chini.
Sikuwa na trei. Mikono ndiyo iliyoinama.
Nikalisukuma komeo kwa bega, la kushoto,
sijui kwa nini la kushoto,
na jua lote la barabara likaingia ukumbini.
Nje wamesimama wanaume wa kanzu, kofia zao nyeupe,
nyuso ambazo hazikupata kualikwa hata mara moja.
Mmoja akauliza kwa sauti ya chini,
"Tayari?"

"Karibuni," nikasema.
"Mwenye nyumba yuwaja."